Filamu ya Kong'ony Isiyo na Kong'ony

Kabla Bwana hajamwita, mwaka wa tisini na tisa, Rebeccah Chelimo alikuwa ametengeneza filamu nyingi za wanyama na ngoma. Ya kwanza nusura imharibikie kabisa, nayo ndiyo aliyopenda kuisimulia, akicheka mpaka afute macho.

Wakati huo alikuwa produsa mdogo katika kituo kimoja cha televisheni Nairobi, kazi yake matangazo ya sabuni na mbolea. Alikuwa amemsumbua mkubwa wake muda mrefu amruhusu kutengeneza filamu ya kong'ony, yule korongo mwenye taji la dhahabu kichwani, anavyocheza kinamasini. Mwishowe mkubwa alimpa kamera, mpiga picha na siku mbili, akamwambia akirudi mikono mitupu asahau filamu, abaki na sabuni zake.

Rebeccah alichagua kinamasi cha kwao, chini ya mashamba ya chai karibu na Kapkatet. Kong'ony ndiye mnyama wa ukoo wa baba yake. Hawindwi, hapigwi mawe, na watoto hufundishwa kumpisha. Kwa hiyo walikuwa wengi pale, hawana hofu na mtu. Akatuma salamu kwa baba yake mdogo, mzee Johana, kwamba anakuja na kamera na ndege wa ukoo wataonekana Kenya nzima.

Salamu zilipokelewa vizuri mno. Rebeccah na mpiga picha wake Obure, Mkisii mwenye maneno, waliposhuka bondeni walikuta watu wamevaa nguo za Jumapili, kwaya ya akina mama imejipanga, na kinamasi kimefyekwa chote. Mafunjo yalilazwa kwa mafungu nadhifu, kama uwanja uliotayarishiwa harusi. Ndege hakuwepo hata mmoja.

"Hatuwezi kupokea wageni kichakani, mwanangu," mzee Johana alisema, panga bado mkononi. "Sasa kamera itaona mpaka ng'ambo."

"Itaona, mzee," Obure akajibu. "Shida ni kwamba huko ng'ambo hakuna mtu."

Mzee alitazama kinamasi, kisha akatazama panga. Hakuna aliyemlaumu, wote walikuwa wamefyeka.

Rebeccah aliketi juu ya fungu la mafunjo. Aliziona sabuni zikimngoja. Akaomba kimoyomoyo, maombi mafupi: Mungu awarudishe ndege, au amwonyeshe kitu kingine.

Pembeni, mzee Johana kwa aibu yake alikuwa akimweleza Obure vile ndege wangecheza kama wangekuwepo. Maneno yalipomwishia alitanua mikono, akainama, akaruka.

"Shemeji, huyo ni ng'ombe anaingia dipu la dawa," alisema Jerusa, mama yake Rebeccah na kiongozi wa kwaya.

Akajifunga leso kiunoni, akaonyesha yeye: shingo kwanza, halafu mabawa, halafu kuruka kidogo tu. Mama mwingine akapinga, akasema dume ndilo huanza. Mwingine akawasukuma wote wawili apate nafasi. Punde kwaya nzima ilikuwa kwenye tope na viatu vya Jumapili, ikibishana kwa miili, na mmoja akaanzisha wimbo ili hatua zikae sawa.

Rebeccah akainua kichwa. "Obure, kamera inarekodi?"

"Hujaniambia."

"Nimekuambia sasa."

Walipiga picha siku zote mbili. Wazee walieleza kwa nini ndege yule huheshimiwa, akina mama walicheza, na mzee Johana, ambaye hakukubali kushindwa, alirudi kuruka tena na tena. Ndege hawakuja.

Nairobi, mkubwa alitazama filamu yote. Mwisho akauliza ndege wenyewe wako wapi.

"Ni hao uliowaona," Rebeccah alisema.

Mkubwa akarudisha kanda nyuma, pale mzee Johana anaporuka. Akatazama tena. Mabega yake yakaanza kutikisika kwa kicheko. Alipotulia, alimwambia katibu wake ampe mtu mwingine matangazo ya sabuni, kisha akamuuliza Rebeccah anataka mnyama gani baada ya huyu.

"Mbega," Rebeccah alisema kabla swali halijaisha. "Na wacheza ngoma wa kule Chepseon."

"Wamekubali kucheza?"

"Bado. Nitawauliza tu mbega hurukaje, halafu niwaache wabishane."