Uani kwa Akina Jagdale

Dhondabai alikuwa mtu wa kuridhika, na hilo ndilo lililowaudhi wenye kijiji. Mwanamke wa tabaka la Mang, lile linalohesabiwa najisi, mtengeneza fagio, anaishi ng'ambo ya kijito walikotengwa babu zake, halafu anacheka kutwa kucha. Anacheka nini? Alimcheka mumewe Kisan, mpiga ngoma, dume zima lenye sharubu linaloogopa mijusi. Alijicheka na mwenyewe. Hata mkono wake ulipovunjwa, aliwaambia majirani kwamba hatimaye amepata likizo.

Aliyeuvunja ni Vishwas Jagdale, mwana wa nyumba kubwa kuliko zote. Nje ya lango lao, kando ya barabara, kuna bomba. Mtu wa Mang halishiki bomba lile. Anasimama kando mpaka mtu wa tabaka la juu ajisikie kuja kummiminia maji viganjani. Siku hiyo jua lilikuwa la kuua. Dhondabai akatua mzigo wake wa fagio, akasubiri weee, koo limekauka, mtu haji. Akalifungua mwenyewe, akanywa, akanawa na uso. Vishwas akatoka na fimbo. Alimpiga huku akilitukana tabaka lake, na mtaa mzima umesimama kutazama: muuza duka, kinyozi, wanawake na ndoo zao.

Dhondabai akaenda polisi. Vishwas naye akakimbilia kwa mjomba wake mjini, akapeleka ombi mahakamani apewe dhamana kabla hajakamatwa. Na wale waliotazama? Wote walipofuka kwa mpigo. Muuza duka alikuwa anapima sukari. Kinyozi ati aliingiwa na sabuni machoni, sijui tangu lini kinyozi akajinyoa kazini. Waliogopa tu, semeni kweli. Vishwas akirudi na dhamana mfukoni, angewapitia mmoja mmoja, na Dhondabai angekuwa hana kijiji cha kuishi.

"Mama Sangita," Kisan alimwambia wakila mkate wao wa mtama, "twende tukakae kwa dada yangu. Kule nako watu wanafagia."

"Nenda wewe. Mimi nina kesi."

"Una kesi, shahidi huna."

"Nina mkono," akasema, akamwonyesha plasta. Alitania, lakini mkate wake aliurudisha kwenye sahani.

Sheria ya kule haimruhusu hakimu kutoa dhamana ya namna hiyo kabla ya kumsikiliza aliyeonewa. Basi Dhondabai akavaa sari yake ya kijani, ile ya kuendea harusi, akapanda basi na Kisan mpaka mahakama ya wilaya. Benchi la mbele alikuwa amekaa Parvatibai, mama yake Vishwas, bibi wa watu na tasbihi yake, amekuja kumwombea mwanawe.

Wakili wa Vishwas alisimama akiwa ametulia kabisa.

"Mheshimiwa, sheria inamnyima mtu dhamana akimdhalilisha mwenziwe kwa tabaka lake mbele za watu. Hapa hapakuwa na watu. Mwanamke huyu aliingia mpaka uani, nyumbani kwa mteja wangu, wakagombana humo humo, kuta nne, mlango umefungwa. Nani aliona?"

Uongo ulikuwa umeshonwa ukashoneka, na Dhondabai hakuwa na mtu wa kuufumua. Hakimu, mama mmoja wa makamo, akamgeukia.

"Mama, uliingia uani?"

Kabla hajafungua kinywa, sauti ikatoka benchi la mbele.

"Aingie wapi?" Parvatibai alikuwa amesimama. "Uani kwangu? Mle mna miungu yangu. Tangu niolewe hakuna Mang aliyekanyaga kizingiti changu. Nani huyo anayesema aliingia?"

"Mama, kaa chini," wakili alimwambia, meno ameyabana.

"Sikai. Wewe mtoto unataka kunichafulia nyumba. Wenzetu wakisikia haya, nani atakula kwangu tena? Nani atakuja kuposa wajukuu zangu?"

Hakimu alimwacha amalize, kisha akauliza kwa upole, "Sasa, mama, alipigiwa wapi?"

"Nje, bombani. Barabarani pale, watu wamejaa. Hata langoni hakufika."

Karani aliacha kuandika. Hakimu alimkumbusha bibi kwamba hajala kiapo, kisha akamgeukia wakili: bado anashikilia kwamba ilikuwa uani? Wakili alimtazama bibi, bibi akamkazia macho. Kikulacho ki nguoni mwako. Wakili akafunga faili lake, akakaa, na ombi likakataliwa.

Nje ukumbini Parvatibai alikuwa amemng'ang'ania wakili joho.

"Mbona umenuna, mwanangu? Si nimeitetea nyumba yetu?"

Kisan alijificha nyuma ya nguzo, mabega yanamtikisika kwa kicheko. Alishangaa kuona mkewe, yule mwenye kucheka kila kitu, hacheki. Kizingiti kile asichoruhusiwa kukikanyaga kilimuuma Dhondabai maisha yake yote, na leo ndicho kilichomwokoa. Furaha ilimjaa na hasira ikamjaa, vyote pamoja.

"Usimcheke, baba Sangita," alisema. "Mtaa mzima uliona, na aliyejitokeza kusema ni yeye peke yake."