Tulipozunguka Nje ya Ukuta

Dada yangu alikuwa mwalimu wa historia Bujumbura. Brussels alikuwa mfagiaji wa maofisi. Alfajiri anapiga deki, na jioni, wakati mimi nimeshanyoosha miguu, yeye anakwenda kusoma kozi ya waongoza wageni, wale watu wanaotembea mbele ya kundi wakilieleza habari za kuta. Mwanzoni nilimcheka. Nilimwambia hakuna Mbelgiji atakayekubali kuelezwa nchi yake na mtu wa mtaani kwetu Buyenzi. Akanijibu kwamba wao walitueleza ya kwetu miaka na miaka na tuliwasikiliza, basi na wao wajaribu kidogo.

Hiyo ilikuwa katikati ya miaka ya tisini. Tulikuwa tunakaa mtaa wa Saint-Gilles, mimi na yeye na mama mkubwa, dada wa marehemu mama yetu, ambaye ndiye aliyetulea. Mama mkubwa alikuwa ametoka Bujumbura wakati wa vurugu, na kanzu moja na msahafu wake, baada ya kumzika mumewe haraka haraka. Mimi nilikuwa natunza wazee wa Kibelgiji majumbani mwao, mtaa wa Ixelles.

Mtihani wa mwisho wa kozi ya dada ulikuwa wa vitendo. Mwanafunzi awatembeze watu siku nzima kwenye magofu ya abasia moja ya zamani, makao ya watawa wa kiume, nje ya mji, awaeleze historia ya mahali, halafu awalishe chakula cha mkoa ule. Kila mmoja alete kundi lake mwenyewe, na mtahini aandamane nao. Wenzake walileta majirani na wakwe zao. Dada hakuwa na watu ila sisi. Akipita anapata beji, na kwa beji ile kazi ya msimu mzima ilikuwa inamngojea. Ndoo na ufagio anaviaga. Akianguka ni ndoo mpaka mtihani mwingine. Na palikuwa na sharti moja kubwa kuliko yote: lazima wageni waingie kanisani. Kanisa lile lisilo na paa ndilo moyo wa magofu yale. Mwongozaji asiyelifikisha kundi lake mle ndani, hata aongee kama kasuku, hajapita.

Basi la kukodi lilituchukua kutoka Porte de Namur, pale mjini, Jumamosi moja ya mwezi wa tisa. Tulikuwa watu wa Buyenzi, tena wengi wazee, pamoja na Wakongo wachache wa barabara ya Chaussée de Wavre. Maman mmoja wa Bukavu, muuza vitenge, alipanda wa mwisho akiwa na mkoba mkubwa.

"Bon, tunaenda kuona manyumba ya kubomoka," alisema akitafuta kiti. "Kwetu iko mingi, na ya bure."

Mtahini alikuwa mama wa Kibelgiji mwembamba, mwenye mvi na koti la mvua. Wazee wetu hawakujua kazi yake. Dada alikuwa amewaambia ni matembezi tu, na mimi peke yangu ndimi niliyejua habari ya mtihani. Mama mkubwa alimwona yule mama amekaa peke yake, akamhurumia, akaenda kukaa naye. Akampa karanga. Akaniita nitafsiri: ana watoto wangapi, na wanamtazama au wamemtupa? Nilitaka kujificha chini ya kiti. Mtahini akajibu kwamba anao wawili na wanapiga simu Jumapili, kisha akala karanga zote.

Sasa niseme ukweli kuhusu dada yangu akiwa kazini, maana nilikuwa nimemzoea na kanga kiunoni, anagombana na bomba la jikoni. Tuliposhuka pale bondeni, kuta za mawe ya kijivu zimesimama bila mapaa na miti imeota madirishani, alibadilika mbele ya macho yangu. Mgongo ulinyooka. Sauti ilishuka, ikawa pana. Alisema sentensi yake kwa Kifaransa kwa ajili ya mtahini, kisha akageuka kwetu akaisimulia upya kwa Kiswahili, na ya Kiswahili ilikuwa na chumvi zaidi. Alituonyesha jinsi watawa walivyoukamata mto wakaupitisha chini ya majengo, maji yasage ngano, yaoshe jikoni, yabebe uchafu, yote hayo bila mashine. Aliwalaza wazee wetu kifudifudi kabisa juu ya ukingo wa mawe wausikie mto ukipita chini. Niliwaona watu wenye miguu mibovu wakilala chini kwa hiari yao, wananyamaza, wanasikiliza.

"Hawa watu walikuwa na akili," alisema mama mkubwa akijipangusa nyasi. "Kwetu mvua ikinyesha kidogo mtaro unafurika mpaka sebuleni."

Kwenye ukumbi wa chakula dada alitueleza kwamba watawa walikula bila kuongea neno, mmoja wao akiwasomea maandiko. Maman wa Bukavu alikataa katakata kuamini. Alisema wanaume mia wakae mezani bila kupigana maneno, haiwezekani, labda chakula kilikuwa kibaya. Hata mtahini alicheka nilipomtafsiria. Nilimtazama dada, nikasema moyoni, huyu amepita. Wallahi nilianza kupanga pilau ya kumpongeza.

Basi tukafika kwenye baraza. Lilikuwa baraza refu lenye matao, limezunguka bustani ya mraba, sakafu yake ya mawe mapana yaliyolika. Mwisho wake kulikuwa na mlango wa kuingilia kanisani, na ndio mlango pekee uliokuwa wazi, kwa sababu ule mkubwa wa mbele ulikuwa umezibwa na magogo ya kuzuia ukuta usianguke. Dada alitangulia. Mama mkubwa alikuwa nyuma yake, hajatia mguu bado, akamuuliza swali ambalo mtu wa kwetu lazima aulize.

"Hawa watawa walioishi hapa zamani zote hizo, wamezikwa wapi?"

Dada alisimama. Mimi nilijua jibu, maana nilimsikia akikariri nyumbani usiku na mchana. Nikamsogelea, nikamnong'oneza: mwambie hujui. Mwambie wapo huko nyuma ya mti. Kitu gani kitakupungukia?

Hakunitazama hata kidogo. Akamwambia mama mkubwa, kwa sauti ile ile ya kazi, "Hapa hapa, mama. Chini ya mawe haya. Walizikwa barazani ili wenzao wakipita wawakumbuke."

Basi, kwisha. Hakuna aliyepiga kelele. Waliokuwa wameshaingia walirudi nyuma, wakikanyaga kwa ncha za vidole. Kwetu kaburi halikanyagwi. Hilo hufundishwi shuleni, unalikuta nyumbani kabla hujajua kufunga kamba za viatu. Maman wa Bukavu, Mkatoliki, alipiga ishara ya msalaba na kusogea pembeni pamoja na Waislamu. Mama mkubwa alivua viatu. Akasimama ukingoni, peku juu ya nyasi za Ubelgiji, akazungumza na sakafu.

"Tusameheni, wenyewe. Hatukujua mko hapa."

Kisha akatuambia sisi, bila kutazama mtu, kwamba kaburi la mumewe hakuliwekea hata jiwe, hakupata nafasi, na kwamba huwa anajiuliza ni nani anapita juu yake sasa.

Mtahini alitazama saa yake, akamkumbusha dada kwa upole kwamba kanisa liko mbele, hatua chache tu, na kwamba makundi yote hupita hapo.

"Ninajua, Madame," dada akajibu.

Nilifikiri sasa atawabembeleza. Angeweza. Angesema watawa wenyewe walitaka wapitwe, kama alivyotoka kueleza, na wazee wangemsikia kwa sababu ni mwalimu na ni mtoto wao. Sisi wenyewe tungewavusha kwa mkono, mmoja mmoja. Badala yake alikunja karatasi zake, akazitia mfukoni, akasema, "Tutazunguka nje."

Hakukuwa na njia huko nje. Kulikuwa na nyasi za kufika magotini, zimelowa, na upupu wa Kizungu unaochoma. Nilikuwa na hasira ya kutosha kuubomoa ukuta uliobaki. Dada akatangulia akikanyaga majani ili wazee wapate pa kuweka mguu, na kila palipokuwa na tundu la dirisha alisimama, akatuchungulisha ndani. Na hapo, sijui niseme nini, hapo alifundisha kuliko asubuhi yote. Karatasi hazikuwepo. Alitueleza jinsi watawa walivyoamka gizani kuja kuimba kwenye baridi ile; jinsi askari wa Mapinduzi ya Ufaransa walivyokuja kuwafukuza, na watu wakabeba vyuma vya paa na mawe wakajengea nyumba zao; jinsi mtawa mzee anayefukuzwa anavyofikiri achukue nini na aache nini. Hapo hakuna aliyehitaji tafsiri. Maman wa Bukavu alikuwa ameegemea ukuta akilia taratibu, huku akimlaumu mdudu kwamba ameingia jichoni. Kanisa tulilitazama kutoka nje kupitia madirisha yake yote, na hatukutia mguu ndani.

Chakula kilikuwa kwenye mkahawa wa kijijini. Kilikuwa keki ya chumvi ya mkoa ule, ya duara, imetoka kwenye oveni, imejaa spinachi, vitunguu na jibini, siagi inatiririka juu. Dada alikuwa ameshafika pale kabla, peke yake, akaingia mpaka jikoni kuuliza mafuta gani yanatumika, asije akatulisha nguruwe bila kujua. Mpishi alimwapia ni siagi tupu. Wazee walisoma bismillahi wakala kwa mkono. Mama mkubwa alitafuna kipande cha kwanza kimya, akamwambia mtahini kupitia kwangu kwamba kumbe na wao wanakula majani, yeye alidhani wanakula viazi tu. Maman wa Bukavu alifungua mkoba wake, akatoa chupa ya pilipili, ikazunguka meza nzima mpaka kwa mpishi. Mtahini aliijaribu akakohoa, viatu vyake vikiwa vimelowa chapachapa kwa majani ya nyuma ya ukuta.

Baada ya chai mtahini aliondoka na dada mpaka kwenye uwanja wa magari. Niliwafuata. Nani angenizuia? Alimwambia kwamba katika miaka yake yote hajasikia magofu yale yakielezwa namna ile, na alisema hivyo bila kutabasamu, kwa hiyo nilimwamini. Halafu akamwambia kwamba sharti ni sharti, wageni hawakuingia kanisani, na yeye hana ruhusa ya kumpitisha. Arudi mwezi wa nne, na kundi jingine. Alimpa mkono. Dada alimshukuru kwa adabu zote, na mimi nikaondoka kabla sijasema kitu cha kutuharibia hata huo mwezi wa nne.

Ndani ya basi nilikuwa nimenuna mpaka shingo inauma. Dada alikaa kiti cha mbele akitazama barabara. Mama mkubwa, ambaye hana haja ya Kifaransa kusoma sura za watu, alinigeukia akauliza yule mwanamke alikuwa anamwambia nini mwanawe kule nje. Nikamwambia. Nilimwambia yote: kwamba ulikuwa mtihani, kwamba yule ni mtahini, hakuwa mama mpweke aliyekosa wenzake, na kwamba mwanawe ameanguka kwa sababu hatukupita barazani.

Mama mkubwa akainuka huku basi linakwenda, akishika kiti hadi kiti, mpaka akafika mbele, akajibanza kando ya dada. Nilikuwa nyuma yake nimemshika kiuno asianguke, ndiyo maana nilisikia.

"Mwanangu, kwa nini hukuniambia? Ungeniambia ni mtihani wako, ningepita. Ningewakanyaga wote."

"Ninajua ungepita, mama," dada akasema. "Ndiyo maana sikukuambia."

Mama mkubwa alimshika mkono, akauweka juu ya paja lake, na hakuuachia mpaka tuliposhuka Porte de Namur.