Mpagazi Aliyefutwa Kabla ya Kuagwa

Watu huja dukani kwangu hapa Mtendeni wakaniambia, Gerson, hiyo futa tu, ni kitu kidogo. Siku hizi nikilisikia neno hilo damu inanichemka. Nimekuwa fundi kompyuta miaka kumi na minne. Nimeona picha za harusi zikifutwa, kazi za chuo za miaka mitatu, sauti za wazazi waliokwisha kufa, na kila mara aliyefuta ananitazama usoni na kuniambia alikuwa anasaidia. Lakini lililomkuta Eustadia ndilo lililonifikisha mwisho. Nitalisimulia lilivyokuwa, pamoja na sehemu yangu, ambayo si nzuri.

Eustadia Masele ni fundi cherehani, milango miwili kutoka kwangu. Ana miaka hamsini na mmoja. Alizaliwa Usoke kwenye familia ya wakulima wa tumbaku, akaja mjini akiwa msichana, akaolewa, akafiwa na mume, akabaki na cherehani. Anashona sare za shule na majoho ya kwaya. Hana mchezo na mtu: ukichelewa kuchukua nguo yako anaitundika nje mlangoni mpaka wapita njia wote wajue suruali ya nani ina kiraka. Ukimwona kanisani Jumapili huwezi kudhani kwamba kila siku baada ya chakula cha mchana anafunika cherehani, anawasha kompyuta, na kwa saa nzima anakuwa msafiri mwenye upanga kwenye nchi ya milima na majoka.

Aliyemtia kwenye jambo hilo ni mdogo wake, Octavian. Huyu alikuwa karani wa halmashauri kule Isikizya na aliishi na dada yake kwenye nyumba hiyohiyo anayoshonea. Alikuwa mtu wa kejeli tangu utotoni. Alimwekea dada yake mchezo ule kwa kumcheka, akijua atashindwa siku ya kwanza. Eustadia hakushindwa. Alimwita msafiri wake Adelina, jina la mama yao, akaanza safari, na miaka miwili baadaye alikuwa bado njiani.

Sasa, mchezo wa namna hiyo watu huuongezea vitu vyao wenyewe. Mmoja anaunda nguo, mwingine barabara, mwingine ndege wa porini, na wewe unavipachika ndani. Sisi tunaviita modi. Octavian aliongeza modi thelathini na moja. Adelina akavaa kitenge badala ya chuma, mvua ikanyesha kama ya huku, kwa fujo. Na moja kati ya hizo aliiunda mwenyewe, miezi mitano, akijifunika blanketi kichwani ili kurekodi sauti bila kelele za cherehani. Hiyo ilikuwa mpagazi.

Mpagazi aliitwa Mhoja. Alitembea nyuma ya Adelina, akambebea mizigo, na kila kulipokucha kwenye mchezo alimwamkia kwa Kinyamwezi, "mwangaluka", kwa sauti ya Octavian. Mvua ikinyesha alilalamika. Wakipanda mlima aliuliza kama huo ni mzigo au amehamishwa na nyumba. Wakikutana na joka alisema yeye kaajiriwa kubeba, hakuajiriwa kufa. Eustadia alikuwa akimjibu kwa sauti, nikamsikia mpaka kwangu, nikacheka peke yangu. Octavian alimwambia kwamba akimchoka Mhoja anaweza kumruhusu arudi kwao, na siku hiyo atasikia neno alilomwekea. Eustadia akajibu hatamruhusu ng'o, afe na mizigo yake.

Aliyekufa ni Octavian, mwezi wa tatu, kwa figo. Alikuwa na miaka arobaini na minne.

Wiki nzima Eustadia hakugusa kompyuta. Halafu siku moja akaniita nikaone. Alikuwa amefungua mchezo, Adelina amesimama njiani, na Mhoja nyuma yake anasema amechoka, wapumzike kidogo. Aliniambia ananieleza mimi tu kwa sababu wengine watamwona amerukwa na akili. Nikamwambia asijali, siri yake iko kwangu. Ningejua, ningeitangaza mji mzima.

Maana siku ya kuanua matanga ilifika na watani wakaja. Sisi Wanyamwezi na Wazaramo ni watani tangu enzi za wapagazi, na kwenye msiba mtani ana ruhusa ambayo ndugu hana. Anamwigiza marehemu. Anavaa kofia yake. Mwishoni anafagia nyumba, anatoa majivu na takataka, ili msiba utoke. Na huruhusiwi kumkasirikia. Ukinuna umejiaibisha wewe.

Mtani wetu ni mzee Issa, Mzaramo wa Kisarawe aliyestaafu reli na hakurudi kwao. Siku hiyo alivaa miwani ya Octavian, akakaa kwenye kiti chake, akaisukuma miwani puani kama alivyofanya marehemu, na watu wakacheka huku wanalia. Akafagia sebule. Akafagia uani. Halafu akaiona kompyuta, akasema kwa sauti ya kikarani kwamba nyumba ya Mnyamwezi hata kompyuta ina vumbi. Akaiwasha. Mbele kabisa kulikuwa na folda iliyoandikwa OCTAVIAN. Mzee Issa akaifuta, akaenda kwenye kapu la taka la kompyuta akamwaga na humo, akapiga makofi mara moja kama mtu anayekung'uta mikono. Watu wakashangilia.

Eustadia alikuwa jikoni anapakua pilau. Mimi nilikuwa mlangoni, sahani mkononi. Nilimwona akifuta. Mimi, fundi, niliyeonyeshwa Mhoja kwa macho yangu, nilidhani zile ni barua za Octavian za ofisini. Nikacheka na wenzangu. Kila nikikumbuka kicheko hicho natamani kujizaba kofi.

Kesho yake mchana Eustadia alifungua mchezo. Ukamwandikia kwamba kuna vitu vinakosekana, aendelee au asiendelee. Akabonyeza endelea. Adelina akatokea kwenye matope nusu uchi, kwa sababu kitenge kilikuwa modi. Mizigo haipo. Nyuma yake hakuna mtu. Na kabla hajafunga, mchezo ukajihifadhi wenyewe juu ya safari yake ya zamani, kana kwamba hivyo ndivyo mambo yalivyo.

Alikuja dukani miguu peku. Nilipomweleza nilichokiona alinijia juu mbele ya wateja, akaniita mpumbavu mwenye cheti. Nami nikamfokea kwa nini alibonyeza endelea, mtu mzima, wakati ameandikiwa. Tulifokeana mpaka mama muuza vitumbua akaja kutuamulia. Lakini nilijua, naye alijua, kwamba tulikuwa tunamfokea asiyefokewa. Angeweza kunitukana mimi mchana kutwa. Mzee Issa asingeweza kumwambia hata neno moja.

Nilichukua kompyuta, nikazuia mtu yeyote asiiguse, nikaiwekea programu ya kurudisha vilivyofutwa. Ilichukua siku tatu. Modi zote thelathini na moja zilirudi, lakini tisa zimeharibika, na Mhoja alikuwa mmojawapo: sauti zake zilikuwa nzima, ila maelekezo yake yametoboka. Safari nayo tuliipata. Mtu anayetunza ruwaza ya kila sare aliyowahi kukata hakosi nakala. Eustadia alikuwa na safari ya wiki tatu nyuma kwenye flashi, ndani ya kopo la vifungo.

Tukaifungua. Mhoja alikuwepo. Eustadia akaziba mdomo kwa kanga. Dakika kumi baadaye, darajani, mchezo ukaganda. Tukarudia, ukaganda. Mara Mhoja anazungumza, mara anatembea hewani, na kila ulipoganda safari ile ilizidi kuharibika. Ilibidi nimwambie ukweli: akimng'ang'ania Mhoja, baada ya siku chache hatakuwa na Mhoja wala Adelina. Akitaka kuokoa safari, modi zitolewe zote, ila zitolewe kwa heshima.

"Sauti zake nitakutilia kwenye flashi," nikasema. "Utazisikiliza ukitaka."

"Flashi haijui kama nimenyeshewa," akajibu. "Mhoja anasema ninaponyeshewa mimi. Usinipe ndugu wa kopo, Gerson."

Alinuna siku mbili. Siku ya tatu alikuja na mkasi wake mdogo wa kufumulia, akauweka mezani kwangu, akauliza inafanywaje. Nikamweleza. Safari inakumbuka kila kitu kwa jina. Ukikitoa kitu ghafla, itaendelea kukiita na hakuna wa kuitika, na hapo ndipo inapochanganyikiwa. Kwa hiyo unamwingiza msafiri kwenye nyumba ya mchezo wenyewe, isiyo na modi. Unavua nguo za modi. Unatua mizigo yote. Unamaliza shughuli za mpagazi na kumruhusu kwa mdomo wa msafiri, aende zake. Unangoja siku kadhaa za mchezo. Unahifadhi mahali papya, siyo juu ya pa zamani. Ndipo unatoa modi moja, unafungua, unatazama, unahifadhi tena, unatoa nyingine.

Akasema hiyo ni kufumua nguo, uzi mmoja mmoja, na kwamba mjinga tu ndiye anayefumua kwa kuvuta. Halafu akanituma nikamwite mzee Issa.

Mzee alikuja na kofia yake ya reli, anatania tangu mlangoni. Nilimwamkia shikamoo, akaitika marahaba, akauliza nani amekufa tena. Eustadia akamvutia kiti.

"Mtani, sijakukasirikia," akasema kwa hasira. "Hairuhusiwi. Lakini ulimfagia ndugu yangu hajaagwa. Kaa hapo mpaka aondoke."

Mzee akanitazama. Nikamweleza kilichokuwa ndani ya folda ile. Utani ukamkauka mdomoni. Alivua kofia, akaishika magotini, akasema taratibu kwamba alidhani ni makaratasi. Eustadia akageukia kompyuta.

Ilituchukua mchana wote. Modi thelathini tulizozifumua baadaye hazikuwa kazi. Kazi ilikuwa ile ya kwanza. Adelina aliingia kwenye nyumba ya mawe mlimani. Akavua kitenge, akavaa gunia la mchezo. Akatua mizigo: vyungu, ngozi, mikuki, samaki wakavu, vyungu tena. Sakafu ikajaa. Mhoja akasema leo kuna nini, tunahama? Kisha Eustadia akamkabili, yakatokea maneno ya kuchagua, na chini kabisa lile ambalo hakuwahi kuligusa miaka yote: rudi kwenu.

Alikaa na kidole juu ya kitufe. Nilitaka kumsaidia, nikajizuia. Akabonyeza.

"Haya," ikasema sauti ya Octavian. "Nimebeba vyungu vyako nchi nzima, leo ndiyo unaniaga? Nilijua siku moja utakuja kuhitaji niondoke. Tua mzigo taratibu, Eusta, usiutupe. Na usimgombeze mtu kwa ajili yangu, maana nakujua."

Siyo Adelina. Alisema Eusta, jina la nyumbani. Mhoja akageuka, akafungua mlango, akatoka.

Eustadia alisimama, kiti kikaanguka. Akamfokea. Akamwita mshenzi, mnafiki, aliyejua figo zinakufa akanyamaza, aliyekuwa na muda wa kurekodi kejeli chini ya blanketi asiwe na muda wa kumwambia dada yake ukweli. Akamwambia huna haki ya kunikataza kugombana na mtu. Alifoka mpaka sauti ikamwisha, na machozi yakamtoka katikati ya matusi. Mzee Issa alikuwa analia waziwazi, kofia imemkunjika mikononi. Mimi nilikuwa natazama ukuta.

Tulingoja siku tano za mchezo, ambazo ni dakika chache tu. Kila kulipokucha hakukuwa na wa kusema mwangaluka. Eustadia akahifadhi mahali papya, akanilazimisha nithibitishe mara mbili, akafunga mchezo, akafungua folda ya OCTAVIAN na kuiwekea alama modi ya mpagazi. Halafu akasogeza kipanya mpaka mbele ya mzee.

"Sasa, mtani, fagia."

Mzee hakukiona kitufe kwa machozi. Nilimwonyesha kilipo. Akafuta.

Tukafungua tena. Mchezo haukuganda wala haukulalamika. Adelina alikuwa amesimama kwenye nyumba ya mawe peke yake, mizigo yote sakafuni miguuni pake. Nikamwambia Eustadia achague vya maana, vingine aviache, kwa sababu hakuna wa kumbebea. Akaniambia nifunge mdomo. Aliokota kimoja kimoja, ngozi, mikuki, samaki, hakuacha hata chungu. Akatoka mlangoni akienda hatua moja moja, kwa sababu ukibeba vya watu wawili mchezo ule hauruhusu kukimbia.