Maji ya Kuogea Mgeni

Sikutoka Bunia kwa matembezi. Tantine Mave, dada wa baba, ndiye aliyenilea, alinipigia simu kutoka Mongbwalu. Tumbo lilikuwa linamwendesha, hata kusimama hawezi. Nikamwambia, "Keshokutwa niko kwako. Nakuleta huku kwa daktari."

Asubuhi ya safari nikapanda pikipiki. Njia ile, wee, acha tu! Mashimo matupu, na kila lori lililotupita lilitumwagia vumbi hadi kwenye meno. Karibu na Mongbwalu tulivuka mto ambamo watu walikuwa wanaosha mchanga wa dhahabu. Maji yalikuwa mazito, rangi ya chai ya maziwa, na wanawake walichota humohumo. Niliwahurumia, tukapita.

Jioni nikafika. Tantine alikuwa amelala mkekani, amekwisha kabisa, macho yameingia ndani. Hata hivyo alinicheka.

"Angalia mavumbi! Maji ya kuoga iko nyuma ya nyumba. Enda uoge kwanza."

"Tantine, tuache kuoga. Tuangalie weye."

"Weye iko mugeni. Usinipatishe haya kwa majirani."

Kwetu hilo halina ubishi. Nikaoga. Beseni lilijaa maji safi, ya baridi, nikajimwagia bila haraka huku naimba. Niliporudi ndani nikamuuliza kama anakunywa maji ya kutosha.

"Nakunywa sana," akasema, akinionyesha mtungi uliofunikwa.

Kulipopambazuka tulimpakia katikati, kati yangu na dereva wa pikipiki, tukamfunga kwa kitenge asianguke. Alikuwa mwepesi mno, jamani. Njiani nilimnunulia maji ya chupa, akayatapika. Tulifika hospitali Bunia, wakamtundikia serumu, lakini kesho yake akatutoka.

Kwenye matanga alikuja jirani yake, Mama Dive. Daktari alikuwa amesema ni maji machafu yaliyomuua, nami nikakumbuka ule mto. Nilimuuliza kwa hasira kwa nini walimwacha mgonjwa anywe maji ya mto. Akalia.

"Chemchemi iko mbali, hakuweza kufika. Nilimutekea bidoni moja ya maji safi, nikamwambia akunywe hiyo tu. Akakataa. Akasema, 'Mutoto yangu anakuja. Hawezi kuoga matope.' Akaendelea kunywa ya muto."

Ndugu zangu wa Bunia, bomba likikauka siku mbili tunapiga kelele. Mimi nimejifunza kwamba kuna nyumba ambako maji safi hayatoshi mtu wa kunywa na mgeni wa kuoga, na mwenye nyumba hatakwambia. Nilioga nikatakata, na yeye alikuwa ndani na kiu yake.