Tufaha Lililokatwa Langoni

Nakumbuka, mwanangu, wakati ambapo niliamini kwa moyo wangu wote, na kwa diploma yangu yote, kwamba tufaha lina uwezo wa kumshitaki nguruwe. Usicheke kwanza. Ilikuwa miaka ya vita, na habari yenyewe ilikuwa imezunguka Bujumbura nzima, toka Kamenge hadi Gatumba: kwamba kule milimani nguruwe wamekula maiti, na kwamba njia ya kumjua nguruwe aliyekula mtu ni kukata tufaha na kuliweka kando ya nyama yake. Nyama ikiwa safi, tufaha linabaki jeupe. Nyama ikiwa na mtu ndani yake, tufaha linageuka rangi ya damu iliyokauka.

Aliyeniambia alikuwa mwenzangu wa kozi za jioni, kijana mwenye alama nzuri za hesabu. Na hizo kozi nikueleze: iliitwa shule ya usiku, ila kwa sababu ya kuvrefe, ile amri ya kutotembea giza likiingia, tulikuwa tunasoma mchana, jua likitupiga kisogoni. Nadhani duniani kote ni mimi peke yangu niliyehitimu shule ya usiku bila kuuona usiku. Labda ndiyo sababu nilipotoka pale nilikuwa bado gizani.

Tena tufaha, sisi tukiliita pome, lilikuwa tunda la kuletwa kwa ndege. Lilishuka uwanjani, likaenda moja kwa moja kwenye maduka ya Rohero, likaliwa na wageni. Mtaani kwetu Bwiza waliowahi kuiona theluji kwenye picha walikuwa wengi kuliko waliowahi kukata tufaha kwa kisu. Kwa hiyo hakuna aliyebisha. Na wahenga si walisema lisemwalo lipo, kama halipo laja? Nilikuwa naupenda msemo huo. Ulinisaidia kuamini mambo mengi bila kutoka jasho.

Sasa, dada yangu Faida alikuwa ameposwa na kijana mpishi wa nyumba moja ya wageni huko Rohero, jina lake Dieudonné. Baba yake, Mzee Severini, alifuga nguruwe juu ya Kamenge, pale milima inapoanza kupanda. Siku aliyokuja kutuona alitembea kwa miguu, kofia mkononi, na mgongoni amebeba nyama iliyofungwa kwenye majani ya migomba: vipande vya mgongo wa nguruwe, kila kimoja na mfupa wake, vinene kama milango ya kanisa. Mwanawe hakuruhusiwa kutoka kazini, lakini alikuwa amempa Faida matufaha mawili na maelezo ya kuyapika pamoja na nyama hiyo. Chakula chepesi, alisema. Kikaango kimoja tu.

Nyumba ilikuwa ya Shangazi Mapendo, aliyetulea mimi na Faida tangu tulipovuka kutoka Uvira. Shangazi alikuwa na sheria yake: zawadi ya mkwe hupikwa yeye akiwa amekaa, na huliwa naye mezani. Kuiacha ni kumwambia asirudi.

Basi tulikuwa uani, mimi na yeye na mbabula, jiko letu la makaa. Umeme ulikuwa umekatika, na jua lilikuwa linashuka upande wa Kongo. Mwanangu, hujui ukimya wa miaka ile. Mbwa walikuwa wamejifunza kutobweka. Nyumba ya jirani upande wa kulia ilikuwa tupu tangu wenyewe walipokimbia, na nguo zao bado zilining'inia kwenye kamba. Kulikuwa na shati moja la kijivu lenye tabia ya kunyanyua mkono hata pasipo na upepo. Nilikuwa nikipita pale nalisalimia, ili lisione nina dharau.

Shangazi alipaka nyama chumvi na pilipili manga, akaibandika kwenye mafuta ya moto. Ililia kwa sauti ambayo hadi ng'ambo ya ziwa waliisikia. Ilipokuwa ya kahawia pande zote mbili aliitoa, akaiweka kwenye sahani ya bati.

"Kata pome, vipande vyembamba," akaniambia. "Naenda kumupa mukwe maji."

Nikabaki peke yangu. Nikakata tufaha moja katikati. Lilikuwa jeupe kuliko ukuta wa misheni. Nusu moja nikaiweka pembeni ya nyama, kujaribu tu, ndivyo nilivyojiambia. Mafuta yaliyobaki kikaangoni yalikuwa yananong'ona. Nikangoja.

Lilianza kingoni, kama karatasi iliyosogezwa karibu na moto. Halafu rangi ikaingia ndani, taratibu, bila mtu kuligusa. Nywele zangu zilisimama zote. Na wakati ule, niamini, nilikuwa na nywele za kutosha watu watatu.

Ndipo Bosco akachungulia juu ya ukuta wa kushoto. Bosco alikuwa mkubwa wa vijana waliolinda barabara yetu jioni. Mdogo wake, Egide, alikuwa amepanda milimani kutafuta makaa ya kuuza, hakurudi, wala hakuna aliyeleta habari yake. Mimi, badala ya kufunika sahani, nikaiinua.

"Bosco, ona."

Aliangalia muda mrefu. "Hii nyama imetoka wapi?"

"Juu ya Kamenge. Ya yule mzee aliye ndani."

"Njo kule kule Egide alipanda," akasema. Akashuka ukutani. Kisha nikasikia mluzi wake barabarani.

Mwanangu, neno ni kama maji, likimwagika halizoleki. Kabla makaa hayajapoa, lango letu lilikuwa limejaa vijana wenye fimbo, na mmoja alishika kipande cha chuma. Hawakupiga kelele. Wangepiga kelele, woga wangu ungepungua.

"Mama Mapendo," Bosco akasema, kwa heshima kabisa, "tutolee ule muzee."

"Muzee gani? Mukwe wangu anakunywa maji."

"Pome imemusema."

Shangazi hakumwuliza pome gani. Aligeuka akanitazama mimi. Macho yale, hadi leo nikiinua kijiko hunitazama.

Mzee Severini alikuwa amesikia. Alitokea mlangoni, kofia bado mkononi. "Acha nitoke, mama," akasema. "Damu isimwagike kwenye nyumba ya bibi arusi." Nyuma yake Faida alikuwa amemshika koti kwa mikono miwili.

"Keti," Shangazi akamwambia. "Mugeni wangu haondoki na njaa."

Kisha akafanya jambo ambalo sikulielewa. Alichukua sahani nyingine, akaisugua kwa majivu na maji mbele ya macho yao, akaikausha kwa kitenge chake. Akaweka kigoda katikati ya lango, na sahani juu ya kigoda. Akaleta tufaha la pili, akalikata, akaliweka.

"Bosco. Hapa kuna nyama?"

"Apana."

"Kuna muzee?"

"Apana, Mama."

"Basi tutazame."

"Mama, kuvrefe inakaribia," mmoja akasema kwa nyuma.

"Basi utazame haraka."

Nimeona mambo mengi maishani, na mengine nimeyaongeza mwenyewe, lakini hili sikuongeza hata chumvi. Vijana wakubwa, na fimbo zao, walisimama duara kuzunguka nusu ya tunda. Mwanga ulikuwa unaondoka. Mbali juu mlimani risasi ililia mara moja, na hakuna aliyeinua kichwa. Nilisikia wanavyopumua. Lile shati la jirani lilinyanyua mkono wake, na mimi sikulisalimia. Bosco alikuwa ameinama uso wake ukaribie sahani, kama mtu anayeangalia kisimani, kama mdogo wake angeweza kupanda kutoka mle.

Na tufaha likaanza kugeuka. Kingoni kwanza. Kisha ndani. Kando yake hapakuwa na nyama, wala mzee, wala nguruwe.

Mwenye chuma alirudi nyuma hatua moja, akasema sahani ina uchawi, akaondoka mbio. Wengine wakamfuata mmoja mmoja, wakitembea haraka lakini wakijifanya hawakimbii. Bosco akabaki. Fimbo ilimtoka mkononi, ikabingirika hadi kwenye mfereji.

"Basi, Mama," akasema, "Egide iko wapi?"

Shangazi akapiga magoti pale udongoni, na magoti yake yalikuwa mabovu. "Sijui, mutoto wangu. Hii pome nayo haijui. Ule muzee nayo hajui. Ingia unawe mikono."

Giza lilikuwa limefika. Hakuna tena wa kutoka. Shangazi alirudisha kikaango motoni, akakaanga vitunguu kwenye mafuta yale yale, akamwaga matufaha yote mawili, na wekundu wake wote, na kijiko kidogo cha sukari, akarudisha nyama juu yake na maji kidogo, akafunika. Usifikiri ni upishi mgumu. Ukiweza kungoja bila kufunua funua, umeiva wewe na chakula chako. Harufu ile ilikuwa ya kumfufua babu wa babu yangu, na nadhani alikuja, akala, akaondoka.

Mzee Severini ndiye aliyegawa nyama. Kipande cha kwanza, kinene kuliko vyote, akakiweka mbele ya Bosco. Akangoja amalize kutafuna. Halafu akamwuliza, kwa sauti ya mtu anayeuliza bei ya chumvi:

"Alivaa shati gani? Nikirudi nitauliza kule juu."

Bosco akamwambia. Lilikuwa la kijani. Wakalala mkeka mmoja, na asubuhi Bosco akamsindikiza mzee hadi mwisho wa Kamenge. Egide hakupatikana, lakini mzee aliuliza, na akaendelea kuuliza hadi alipokufa. Faida aliolewa. Harusini Bosco ndiye aliyebeba mzigo wa nyama.

Sasa sikia nasaha yangu, mwanangu, maana nimekuchosha. Lisemwalo huenda lipo, na huenda ni woga tu uliovaa nguo za watu. Mtu aliyepotelewa hutafuta wa kumlaumu kama mwenye njaa atafutavyo mkate, na wewe ukimnyooshea kidole mtu, umempa chakula. Kabla hujanyanyua sahani juu ya ukuta, osha nyingine, weka jambo lako peke yake, ulitazame. Ukiona linageuka hata pasipo mshitakiwa, nyamaza, ukapike. Na akija mwenye uchungu langoni kwako, usimpe jibu usilo nalo. Mpe maji ya kunawa. Mungu akujalie jicho lenye subira na ulimi mzito wa kushitaki. Kikaango chako kisikose cha kukaangwa, meza yako isikose mgeni, na uwapendao wote warudi kabla ya giza.

Hicho ndicho nilichokielewa baadaye. Asubuhi ile nilikuwa bado msomi yule yule. Nilikuwa nasugua kikaango, nikamnong'oneza Shangazi kwamba ile sahani tuitupe ziwani, maana nayo ina mambo.

Alicheka mpaka akashika mbavu. Nikamwuliza, kama alijua, mbona jana hakuwaeleza vijana kwa mdomo.

"Mutu mwenye fimbo hasikie," akasema. "Anaona tu."

Kisha akaninyang'anya kikaango, akanionyesha parachichi lililokuwa kikapuni.

"We mutoto, avoka unaikata hapa kila siku, ukiiacha inageuka nyeusi. Bilinganya vile vile. Zenyewe zilikula nani? Pome ni tunda. Ukikata, inageuka."