Fundo la Jua

Masika yanapoanza kutuchezea, wanawake wenzangu hapa Mwamgongo hulifunga jua. Mimi sifungi. Wingu likitokea upande wa Kongo nawakusanya dagaa wangu mchangani hata wakiwa wamekauka nusu, nawafunika turubai, na wenzangu wananicheka kwamba mwanamke mzima anaogopa majani. Waache wacheke. Naogopa kweli, ila si kwa sababu wanayodhani.

Kulifunga jua ni jambo dogo ukilitazama. Pembeni ya njia ya kushukia ufukweni unachagua majani marefu, unayashika bila kuyang'oa, unapiga fundo moja na kutaja unachotaka jua likisubiri: dagaa wakauke, boti lifike kabla ya giza. Kazi ikiisha unarudi kulifungua mwenyewe. Mama mkwe wangu ndiye aliyenifundisha nilipoolewa huku, na siku hiyo hakuwa na mzaha. "Funga kwa ajili ya dagaa, mwana wanje," aliniambia, akiniita mwanangu kwa kilugha. "Usimfungie mtu. Siku unazomwongezea mtu zinakatwa kwa aliye mdogo kuliko wote nyumbani kwako." Nikaitika ndiyo mama, huku moyoni nikisema wazee hawaishiwi maneno.

Alasiri moja dada yangu alinipigia simu kutoka Katubuka, nyumbani kwetu. Mama alikuwa amerudishwa kutoka hospitali bila dawa mpya, na kila mtu anajua maana yake. "Njoo," alisema. "Usiulize, njoo tu." Boti la abiria la kwenda Kibirizi, bandari ya kwetu, lilikuwa limeondoka alfajiri, na jingine lilikuwa la kesho. Nilizunguka uani na binti yangu wa miezi minane mgongoni mpaka miguu ikachoka, kisha nikajikuta nimeshuka njia ya ufukweni. Jua lilikuwa linakaribia maji. Nilipiga fundo, nikachomoa uzi mwekundu kwenye kanga yangu nikauzungushia, nisije nikalichanganya na la mwingine. Nikasema, mama asiondoke mpaka nifike.

Nilimkuta hai. Alinitambua, akamshika mjukuu wake mguu, akatabasamu. Nilijisifu kimyakimya, Mungu anisamehe.

Siku ya pili alikuwa vilevile, na ya tatu vilevile. Hakula, hakupata nafuu, hakuondoka. Jirani aliyekuja kumjulia hali alisimama mlangoni akamnong'oneza dada, "Huyu kuna kitu kinamshikilia." Nilisikia. Nilikuwa nimefika, lakini fundo bado lilikuwa limefungwa kule. Siku ya nne mtoto wangu aliamka anawaka moto, anakataa kunyonya. Muuguzi wa zahanati alimpapasa, akasema ni meno hayo, mama, usiwe na wasiwasi. Sikumwamini. Yeye angejuaje habari za majani?

Nilitoka nyuma ya nyumba nikampigia mama mkwe na kumwomba anifungulie fundo.

"Umemfungia nani?"

"Mama yangu."

"Siwezi kulifungua mimi. Aliyefunga ndiye anayefungua. Mtoto yuko vipi?"

Nikamwambia anawaka moto. Akasema, "Njoo upesi."

Asubuhi ya siku ya tano nilipiga magoti kitandani pa mama kumuaga. Nilimwambia nakwenda mara moja, kesho nitarudi. Alinishika kidole kimoja.

"Kaa leo," alisema. "Kesho utakwenda."

Nilidhani anajua ninachokwenda kufanya na anaogopa. Nilimwambia, "Siwezi, mama, mtoto anaumwa." Nikakichomoa kidole changu. Aliking'ang'ania kwa nguvu ambazo sikujua bado anazo.

Boti liliondoka Kibirizi saa sita. Ziwa lilikuwa limetulia, na hilo lilinitisha zaidi kuliko mawimbi, maana sikuwa na kitu kingine cha kuogopa. Simu niliizima nikaifunga kwenye nailoni isilowe. Nilimkumbatia mtoto kifuani, joto lake likipenya mpaka kwenye mbavu zangu, na kila alipofumba macho nilimtikisa ayafumbue. Nilikuwa nakwenda kumuua mama yangu kwa vidole vyangu ili mwanangu apone, na abiria wenzangu walikuwa wanagawana karanga. Mmoja alininyooshea konzi yake. Nilipokea nikazishika tu, mpaka zikalowa jasho mkononi.

Tulifika saa kumi. Sikwenda nyumbani. Uzi mwekundu niliuona kwa mbali. Fundo lilikuwa limekaza kwa umande na jua la siku zote hizo, vidole vikashindwa, nikainama nikalilegeza kwa meno. Lilipofunguka nilikaa chini nikisubiri jambo fulani litokee, sijui lipi. Mbuzi walipita wakirudi nyumbani. Ndipo nikakumbuka kuwasha simu, na haikupita dakika dada akapiga.

"Tunakutafuta tangu saa saba," alisema. Alikuwa amekwisha kulia, sauti imekauka. "Mama ameondoka."

Saa saba. Saa saba nilikuwa majini, hata Gombe hatujaifikia, na fundo lilikuwa limefungwa vilevile kama nilivyoliacha. Nilimuuliza kama alisema chochote.

"Aliuliza uko wapi. Nikamwambia umepanda boti." Dada alivuta pumzi. "Akasema, nilimwomba leo tu."

Alfajiri nilipanda boti kurudi Katubuka kumzika. Mtoto alikuwa amepoa. Tulipoliacha gati alipiga miayo, na kwenye ufizi wa chini niliona jino limechomoza.