Amiri Asiyetaka Taji

Mjukuu wangu, mtoto wa binti yangu anayekaa nyumba ya pili hapa mjini Ibra, alikuwa na mtihani wa historia. Mie sijui kusoma, lakini sauti nikiisikia mara moja haniponyoki mtu. Basi yeye anasoma, ananifasiria, mie naigiza, huku nazunguka nyumba nzima. Kukaa sikuweza. Alasiri ile mwanangu, mstaafu wa jeshi, alikuwa anakuja kunichukua nikakae kwake Nizwa, mji mwingine, nyumba hii ifungwe. Hakuniuliza. Tangu baba yake afariki, amri zote zake yeye.

"Bibi, kaa basi! Unanitia kizunguzungu."

"Soma wewe, miguu yangu. Enhe, huyo bwana?"

Bwana mwenyewe mkulima tu wa huko Uingereza. Mfalme kagombana na baraza la nchi, wakapigana wenyewe kwa wenyewe, mkulima kapanda farasi, kawa amiri wa jeshi. Askari wake wanasali, na vitani kama majini. Mfalme kashindwa, kakatwa kichwa.

"Astaghfirullah! Na mkulima karudi shambani?"

"Wapi! Kaingia barazani na askari, kawafukuza wote, mlango ukatiwa ufunguo."

Nikasimama kati ya ukumbi, tumbo mbele, sauti ya puani: "Yallah, nje nyote! Khalas!"

"Halafu wakampa taji, akalikataa."

"Na nyumba ya mfalme?"

"Akahamia."

Hapo nikamvua Mwingereza, nikamvaa mwanangu, kidevu juu, mikono nyuma: "Mama, mie sitaki ukubwa. Mie nataka nidhamu tu!"

Mtoto kacheka mpaka kitabu kikamdondoka. Mara kakiokota, kasimama wima. Nageuka, mwanangu huyo mlangoni, funguo mkononi.

"Shikamoo, mjomba," mtoto anasema, macho chini.

"Marahaba. Mnasoma nani?"

"Amiri wa Kiingereza."

"Kaishia wapi?"

"Kafa kitandani. Kiti kamwachia mwanawe, hakukiweza. Mtoto wa yule mfalme aliyekatwa kichwa akarudi kutawala. Na yule amiri wakamfukua kaburini."

"La haula!" nikasema mie. "Hata kulala hakuachwa!"

Mwanangu hakucheka. "Mama, mfuko wako uko wapi?"

"Ndani, kautoe."

Kaingia. Na mie, niliyezunguka tangu asubuhi, nikakaa chini, kizingitini pale pale. Karudi na mfuko, kasimama juu yangu.

"Mama, inuka nifunge."

"Funga. Na mie humu."

"Mama, wallahi, nyumba kubwa, uko peke yako, ukianguka je?"

Sauti ile sikuweza kuiigiza. Ilikuwa ya utotoni, alipokuwa akiogopa giza. Nikamshika mguu.

"Nikianguka, dada yako yupo ukuta wa pili. Ungeniuliza, ningekwambia."

Kakaa chini karibu yangu, mtu mzima yule, na mfuko mapajani.

"Haya, kaa. Mpaka Idi."

Nikaupokea ufunguo wa nyumba, nikaufunga kwenye pindo la kanga. Mpaka leo gari likipita nje nadhani ni yeye, nasimama, naushika.